Bodi imekunyima cheo mara ya pili: hiyo ni kudharau korti au ni kesi mpya?

Swali la wiki hii limetoka kwa dada mmoja wa Likoni, nimelifupisha kidogo na nimetoa kila kitu kinachoweza kumtambulisha:

"Wakili, salaam. Nimefanya kazi shirika moja la umma hapa Pwani miaka 14, na miaka 9 niko grupu ile ile ya kazi. Nilienda korti ya kazi hapa Mombasa nikashinda, hukumu ilisomwa tarehe 6 Machi 2025. Jaji alisema bodi ifikirie upya ombi langu la kupandishwa cheo kufuatana na sheria na kanuni za utumishi, ndani ya siku 60, na nipewe jibu kwa maandishi. Barua imekuja imeandikwa 16 Mei, mistari mitatu, ati bodi iliketi, ikazingatia ombi langu, na haikuridhika. Na kijana niliyemfundisha kazi mimi mwenyewe ashapewa kile cheo, aliripoti Aprili. Nataka mkurugenzi mkuu afungwe kwa kudharau korti na jaji aamuru nipandishwe mara moja. Wakili wangu haniambii ndio wala la. Naweza?"

Waaleikum salaam dada. Pole kwanza, manake najua ile raha ya kushinda kesi, mtu anatoka kotini anapiga simu kwa mamake, jioni mahamri yanagawiwa mtaa mzima, halafu miezi miwili baadaye anapewa karatasi ya mistari mitatu. Lakini ntakujibu vile ntamjibu mteja aliyekaa mbele yangu ofisini, si vile unavyotaka kusikia.

Itoe hiyo hukumu tena uisome, na usisome zile kurasa za mbele ambazo jaji anawakosoa shirika na wewe unatikisa kichwa unasema naam, naam. Nenda ukurasa wa mwisho kwenye zile amri zenyewe, (a), (b), (c). Soma kitenzi. Kesi nzima ya kudharau korti inakaa kwenye hicho kitenzi. Yako inasema "ifikirie upya". Haisemi "impandishe". Korti iliwaambia wafunue sufuria waangalie kama una fungu, haikuwaambia wakupakulie. Na jaji hakuteleza hapo, aliandika hivyo kusudi, manake Katiba yetu Ibara ya 232 inasema kupandishwa cheo kwenye utumishi wa umma kuende kwa ushindani wa haki na kwa ustahili, na anayepima huo ustahili ni mwajiri si korti. Wewe una haki ya kufikiriwa kwa haki. Haki ya kupewa cheo chenyewe huna, na hata mimi sina, na hata huyo kijana alikuwa hana mpaka alipopewa.

Sasa watu wengi wanachanganya hapa, na sio watu wa kawaida peke yao, kuna mawakili pia wanachanganya na wanalipisha wateja pesa kwa kuchanganya huko. Kudharau korti si njia ya kumaliza ugomvi wenu na shirika. Ni ugomvi kati ya korti na mtu aliyeambiwa fanya hivi akakataa makusudi. Jaji akikaa kusikiza hilo ombi anauliza mambo machache tu: amri ilikuwa wazi? huyu mtu aliijua? aliivunja? aliivunja kwa kusudi? Basi. Hatarudi kuuliza nani alistahili cheo kati yako na yule kijana, na hatakuongezea kitu ambacho hukumu haikukupa. Ukienda na ombi la kudharau korti halafu ndani umeweka "na mlalamishi apandishwe cheo kuanzia tarehe fulani", hicho kipande kitaanguka, na mara nyingi kinaanguka na ombi lote manake jaji anaona umekuja kukata rufaa kwa mlango wa nyuma.

Wahindi wamelipiga sana hili suala, na nawataja kwa sababu sheria yetu na yao zimepikwa jiko moja la Uingereza na majaji wetu wanawasoma ingawa hawafungwi nao. Wao wana tribunali maalum ya watumishi wa serikali kuu, Central Administrative Tribunal, chini ya sheria ya mwaka 1985, na kifungu cha 17 cha sheria hiyo kimeipa tribunali nguvu za kuadhibu wanaoidharau kama za High Court. Basi kesi za cheo na ukongwe kazini zikamiminika. Mwaka 1996 Supreme Court ya kule, korti yao ya juu kabisa, ikaamua kesi ya J.S. Parihar v Ganpat Duggar, ugomvi wa orodha ya ukongwe kazini. Serikali iliambiwa iitengeneze upya, ikatengeneza, waliokosa wakaenda kudai imedharau korti, na jaji aliyesikiza ombi la kudharau korti akaanza kuwaambia itengenezwe vipi. Mahakama ikasema hapana, orodha mpya ishatoka, iwe sawa iwe kombo, huo ni uamuzi mpya na asiyeridhika ana sababu mpya ya kushtaki, aende mahali panapofaa. Halafu 2014 ikaja Sudhir Vasudeva v George Ravishekaran, shirika la mafuta la serikali, ONGC, ambapo kwenye ombi la kudharau korti liliamriwa liunde nafasi za ziada za kazi ili walalamishi wapate pa kukaa. Ikafutwa pia. Anayesikiza kudharau korti habanduki kwenye maneno ya amri iliyotolewa, hata akiona uchungu wa mtu.

Hapo unaweza kusema basi wakili wangu alikuwa anasitasita kwa sababu hakuna kitu. La, subiri. Kipo kitu, ila sicho ulichokishika.

Tuanze na kidogo. Siku 60 kutoka 6 Machi zinaisha 5 Mei. Barua yako ni ya 16 Mei, siku ya 71. Wamechelewa siku 11 na hawakurudi kotini kuomba waongezewe muda. Huo ni uvunjaji, sitakwambia si uvunjaji, amri ilikuwa na tarehe nao wakaipita. Lakini nikuambie ukweli wa korti zetu: ukimpeleka mtu kwa siku 11 na kazi ishafanywa, atakuja na hati ya kiapo ya kurasa nne, mwenyekiti alikuwa safarini, akidi haikutimia, tunaomba radhi kwa unyenyekevu, na jaji atamwonya, ama akiwa na hasira siku hiyo atakupa gharama. Gerezani Shimo la Tewa hapelekwi mtu kwa hilo. Liweke kwenye ombi lako ndio, liwe kama chumvi, lisiwe chakula chenyewe.

Kitu chenyewe umekitaja kama pembeni tu, mwisho wa swali. Umesema kijana aliripoti Aprili. Aprili! Dada, bodi imekaa Mei kufikiria kama wewe unastahili cheo ambacho Aprili kishapewa mtu mwingine. Yaani walifunua sufuria wakati pilau ishaliwa. Najua hukumu yako haikuwakataza kujaza nafasi, kwa hivyo kuijaza peke yake si kuvunja amri kwa maneno yake. Lakini kufikiria ni kufikiria kweli. Mtu aliyeamriwa afikirie akafanya mchezo wa kuigiza kufikiria, huyo hajatii, na korti ina haki ya kuangalia kama kitu kilifanyika kweli ama ni karatasi tu. Hapa ndipo mstari unapopita, na ni mwembamba: ukimwambia jaji "wamefikiria vibaya" umetoka nje ya kudharau korti, hiyo ni kesi mpya, ukimwambia "hawakufikiria kabisa, walishaamua Aprili, na hii barua ya Mei ni kivuli" basi umebaki ndani.

Tatizo ni ushahidi. Kwenye kudharau korti mzigo wako ni mzito kuliko kesi ya kawaida ya madai. Court of Appeal ilisema kitambo, Mutitika v Baharini Farm, 1985, kwamba kipimo ni juu ya kile cha nani kaaminika zaidi, karibu kifike kile cha jinai ingawa hakifiki kabisa, kwa sababu uhuru wa mtu uko mezani. Sasa we una nini mkononi? Barua ya mistari mitatu na maneno ya watu wa ofisini. Watu wa ofisini wakiitwa kuapa wote wanaugua siku hiyo.

Kwa hivyo kabla hujafaili chochote, andika barua. Barua ya ukurasa mmoja, isiyo na matusi, unaomba sababu za uamuzi wa 16 Mei, unaomba dondoo la kumbukumbu za kikao cha bodi kinachokuhusu wewe, vigezo vilivyotumika, na tarehe ambayo ile nafasi ilijazwa. Ibara ya 47 ya Katiba inakupa sababu za maandishi, na ile sheria ya hatua za haki za kiutawala ya 2015, Fair Administrative Action Act, inasema kwenye kifungu cha 6 kwamba ukiomba wakupe ndani ya miezi 3, na wakikaa kimya basi kwenye kesi ya kupinga uamuzi itachukuliwa kwamba waliamua bila sababu nzuri mpaka wao waonyeshe vingine. Unaona utamu wake? Wakijibu, umepata tarehe. Wasipojibu, kimya chao kinakufanyia kazi. Peleka kwa mkono, nakala yako ipigwe muhuri wa kupokelewa, na andika jina la karani aliyepokea. Usitume kwa WhatsApp ya HR halafu ukaniambia alisoma, iliwaka bluu.

Sasa huyu mkurugenzi mkuu unayetaka afungwe. Amri ilielekezwa kwa nani? Umeandika "bodi". Mkurugenzi mkuu si bodi, na pengine kwenye kikao cha cheo hana hata kura. Mimi mwenyewe nilijifunza hili kwa aibu, zamani, ombi langu la kwanza kabisa la kudharau korti, nilikuwa nimevaa ile suti ya kuapishwa. Niliandika "maofisa wa mlalamikiwa wafungwe" nikaona nimeandika kitu kikali. Jaji akashusha miwani akaniuliza, wakili, hebu nitajie jina la mtu nimpeleke Shimo la Tewa, ama nipeleke jengo? Korti nzima ikacheka, mteja wangu naye akacheka halafu akakumbuka yeye ndiye anayelipa. Toka siku hiyo jina ni kitu cha kwanza natafuta. Nani alikuwa mwenyekiti kati ya Machi na Mei, nani aliitisha vikao, nani alitia saini barua ya kijana. Na kama mwenyekiti amebadilika katikati, mpya huwezi kumbeba na dhambi za wa zamani mpaka uonyeshe aliijua amri akaendelea.

Kujua huko hakukusumbui sana siku hizi. Zamani ilikuwa lazima umwekee mtu oda mkononi na onyo limeandikwa juu kwamba usipotii utafungwa. Tangu Shimmers Plaza v National Bank of Kenya, uamuzi wa Court of Appeal wa 2015, inatosha kuonyesha kwamba aliijua, na kama wakili wake alikuwepo hukumu ikisomwa basi inachukuliwa kwamba mteja ameambiwa. Hukumu yako hata kama ilisomwa kwa video, wakili wa shirika aliingia na jina lake liko kwenye rekodi. Mimi bado naipeleka kwa mkono na onyo juu, kwa sababu sipendi kubishana juu ya kitu ambacho pikipiki ya shilingi 200 ingekimaliza.

Umeniuliza pia kwenye ujumbe wa pili kuhusu jirani yako aliyekuambia kwanza uwape notisi ya siku 30 kwa sababu ni mali ya serikali. Jirani yako anasoma sheria iliyokufa. Hiyo ilikuwa kwenye Contempt of Court Act ya 2016, kifungu cha 30, na sheria hiyo yote ilifutwa na High Court tarehe 9 Novemba 2018, sababu mojawapo wananchi hawakuhusishwa vya kutosha ilipotungwa. Ndani yake ndimo mlimokuwa na ile miezi 6 ama faini ya shilingi 200,000 watu wanayopenda kuitaja. Ilipokufa tukarudi kwenye Judicature Act kifungu cha 5, ambacho kinatupeleka kwa nguvu za korti za Uingereza. Kifungu hicho kinataja High Court na Court of Appeal, na hii korti yetu ya kazi, kwa Ibara ya 162 ya Katiba, ina hadhi sawa na High Court, kwa hivyo usiwe na wasiwasi, jaji wako meno anayo.

Ambao meno yao ni mafupi ni tribunali na tume. Hapa kwetu tribunali haina zile nguvu za asili za High Court, ina kile tu sheria yake iliyoiunda imeipa. Hili linawahusu wenzako wa kaunti zaidi kuliko wewe: mtumishi wa kaunti akinyimwa cheo na bodi ya kaunti anakata rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma kwanza, ana siku 90, na asipopitia huko korti itamrudisha. Akishinda kule na kaunti ikapuuza, Tume haiwezi kumfunga mtu. Anachukua uamuzi wa Tume anaupeleka korti ya kazi chini ya kifungu cha 89 cha Public Service Commission Act ya 2017 utekelezwe kama amri, na akipuuzwa tena sasa, hapo ndio tunaongea kudharau korti. Nimeona watu wamekaa mwaka mzima na karatasi ya Tume kwenye droo wakingoja ijitekeleze.

Turudi kwako. Ningekuwa wakili wako, nafanya hivi. Naandika ile barua wiki hii. Majibu yakija na tarehe inayoonyesha nafasi ilijazwa kabla bodi haijaliangalia faili lako, nafaili ombi la kudharau korti, jembamba kabisa, likitaja watu kwa majina, likisema mambo mawili tu: siku 11, na kufikiria kwa uongo. Sitaki cheo humo. Nataka jaji aseme hawajatii na awape siku chache wafikirie kweli kabla hajatoa adhabu, manake hiyo ndio kawaida ya majaji wengi, wanampa mtu nafasi ya kujisafisha kwanza, na mtu akishaona jina lake kwenye ilani ya kufungwa kikao cha bodi kinapatikana hata Jumapili.

Ikiwa majibu yanaonyesha walikaa kweli, wakapima, wakakosea, tuseme walitumia kigezo ambacho hakimo kwenye kanuni zao, ama wamekukata alama kwa ripoti za utendaji ambazo wao wenyewe hawakukujazia, basi kudharau korti nauacha kabisa. Nafaili kesi mpya juu ya uamuzi wa 16 Mei. Na wasikutishe kwamba jambo lishaamuliwa, uamuzi wa Mei haukuwepo Machi, ungeamuliwa vipi? Huko ndiko unaweza kuomba uamuzi ufutwe, fidia, na kama ushahidi ni mzito sana hata kumwambia jaji safari hii asiwarudishie mpira. Angalia muda lakini. Ukienda kwa njia ya mapitio kutaka uamuzi ufutwe chini ya Law Reform Act ni miezi 6 kutoka siku ya uamuzi. Sheria ya Ajira inakupa miaka 3 kwa madai ya mkataba, ila watu wanaisikia hiyo miaka 3 wanalala, na miezi 6 inawapita wakiwa wamelala.

Kama kesi ya kwanza ilikupa na pesa, gharama ama fidia, hiyo ina barabara yake na usiichanganye humu.

Kitu kimoja nakubaliana na wewe moja kwa moja. Hukumu kama yako, "ifikirie upya kwa mujibu wa sheria", bila kusema nafasi isijazwe mpaka hapo, inamwachia mwajiri mlango wazi. Wakili wako angeweza kuomba hicho kipande cha ziada siku ile ile, na hata baadaye wakati siku 60 zinahesabika angerudi kotini kuomba amri ifafanuliwe. Usimgombeze, kesho ndiye atakusimamia. Ila muulize, kwa upole, kwa nini kijana aliporipoti Aprili hakuna mtu aliyekimbia kotini siku hiyo. Pengine hukumwambia. Pengine ulimwambia na akasahau.

Na hiyo barua ya 16 Mei, yenyewe asili, naona kwenye picha uliyonitumia umeandika juu yake kwa kalamu nyekundu "UONGO". Isitiri hivyo hivyo usifute wala usipake chochote, peleka kwa wakili wako na bahasha yake iliyokuja nayo, na muhuri wa posta ukiwa unasomeka hapo ndipo tutajua iliondoka ofisini tarehe ngapi.